Uhamisho wa Kwenda Killar

Amri ya uhamisho ilimkuta Urmil Kaundal darasani, chaki mkononi, akiwafundisha watoto wa darasa la nane kutafuta eneo la duara. Mkuu wa shule alisimama mlangoni, akakohoa, akamwita nje kwa ishara ya kichwa. Mvua ilikuwa inapiga mabati kwa kishindo, ikabidi asogee karibu ndipo asikike.

"Mwalimu, sijui nianzie wapi. Umehamishwa. Unakwenda Killar."

Urmil alidhani hakusikia vizuri. "Killar ipi?"

"Kwani iko nyingine?"

Haikuwako nyingine. Killar ni ile ya bonde la Pangi, nyuma ya milima, mahali ambapo theluji ikishafunga njia ya Sach mtu hatoki mpaka jua la kiangazi limrudishie barabara. Walimu wa wilaya ya Kangra walilitaja jina hilo kwa sauti ya chini, kama watu wanavyotaja gereza. Na nafasi yake hapo Darohal alikuwa amepewa mwalimu mwingine wa hesabu, Hoshiar Singh Guleria, aliyekuwa anatoka hukohuko Killar. Wameshabadilishwa, huyu huku na yule kule, na barua zimetiwa saini.

Alirudi darasani akamalizia duara lake. Baadaye hakukumbuka alilimaliza vipi.

Nyumbani, mume wake Desraj alikuwa ameketi barazani akichambua maharage kwenye sinia, anayapima kwa vidole, yaliyooza anayatupa uani. Desraj alikuwa dereva wa mabasi ya serikali. Barabara zote za milima ya Himachal alizijua kona kwa kona, mpaka presha ya macho ilipoanza kumla nuru pembeni, kidogo kidogo, na siku moja akampitisha mbuzi chini ya gurudumu bila kumwona. Alilisimamisha basi, akawashusha abiria kwa adabu, akamkabidhi kondakta funguo. Hakushika usukani tena. Tangu hapo alikuwa anauona ulimwengu kama mtu anayechungulia kwenye tundu la ufunguo, na tundu lenyewe lilikuwa linazidi kuziba.

"Umewahi leo," alisema aliposikia viatu vyake. "Au umefukuzwa kazi?"

"Nimehamishwa."

"Wapi?"

Alimwambia. Desraj aliendelea kuchambua maharage kwa muda, kisha akaweka sinia chini.

"Nimelipeleka basi Killar," alisema. "Kuna mahali pale gurudumu moja linakanyaga barabara na moja linakanyaga hewa. Watu wazuri, lakini. Watakupa karanga za kule mpaka mifuko ipasuke."

"Baba Nikhil, sitaki karanga. Nani atakutilia dawa ya macho?"

"Nitaitia mwenyewe. Tone moja jichoni, tone moja shavuni."

Alicheka peke yake. Mtoto wao Nikhil alikuwa Pune, kwenye kampuni ya kompyuta, anapiga simu Jumapili. Nyumba ya pili alikaa mdogo wake Desraj na mkewe, watu wema, ila wana ng'ombe wao na mashamba yao na watoto wao. Urmil alikuwa amefunga ndoa na mtu aliyelala njiani nusu ya maisha, leo Manali, kesho Delhi. Ni miaka michache tu hii, tangu macho yalipomrudisha Desraj nyumbani, ndipo walipoanza kuishi pamoja kama mke na mume, kunywa chai ya asubuhi kutoka birika moja, kugombana juu ya redio. Alikuwa amekionja kitu hicho akiwa mtu mzima na mvi zake, na alikuwa hajashiba.

Akaamua kwenda mahakamani.

Wakili wake, Bi. Nanta wa Shimla, alikuwa mwanamke mfupi anayesema haraka huku anavaa koti lake jeusi na kutafuta miwani kwa wakati mmoja.

"Mama, nikuambie ukweli. Majaji hawapendi kuingilia uhamisho. Wanasema mtumishi wa serikali hachagui kituo, na sheria ndivyo inavyosema. Lakini huyu bwana Guleria kaletwa kwa kikaratasi cha mwanasiasa cha kumpendekeza, kimo humu kwenye jalada. Vikaratasi vya namna hii majaji hawavipendi pia. Tuombe kwanza zuio la uhamisho."

Zuio lilitoka siku ileile kesi ilipotajwa. Urmil alirudi Darohal na kufundisha kama kawaida, na kwa wiki kadhaa alijisikia kama mtu aliyepona homa. Tatizo ni kwamba Hoshiar Singh Guleria alikuwa ameshafungasha na kuondoka Killar. Alifika kwenye geti la shule na begi lake akaambiwa asiingie, mahakama imesema asubiri. Killar si kwake tena, Darohal si kwake bado, na mshahara wake ukakwama katikati. Urmil alimwona mara moja kupitia dirisha la ofisi, mtu mwembamba mwenye masharubu, amesimama na mwavuli uliovunjika ubavu, anasikiliza watoto wakiimba jedwali la kuzidisha. Alimchukia kwa moyo wake wote.

Walikutana uso kwa uso Shimla, siku ya kusikilizwa. Kesi zilikuwa nyingi, zao ilikuwa chini kabisa ya orodha. Urmil alitoka kwenda kukaa kwenye ukuta mdogo nje, akafungua mkate wake wa mahindi aliousokota na kachumbari ya embe. Hakupata hata tonge. Nyani mmoja mkubwa, mwenye uso wa karani aliyechoka na watu, alishuka kutoka kwenye paa, akampokonya miwani usoni na kupanda nayo kwenye mti.

"Usimkimbize, dada," sauti ilisema nyuma yake. "Ukimkimbiza ataivunja. Hataki miwani huyu, anataka biashara."

Alikuwa Guleria. Alitoa pakiti ya biskuti mfukoni, akaitikisa, akaweka moja juu ya ukuta na kurudi nyuma. Nyani alimwangalia, akaangalia biskuti, akashuka taratibu. Aliiacha miwani kwenye ukuta, akachukua biskuti, kisha akachukua na pakiti nzima.

"Hakimu wa kweli huyu," Guleria alisema. "Kesi imekwisha kabla ya chakula cha mchana."

Urmil aliivaa miwani yake. Kioo kimoja kilikuwa na alama ya jino. Hakujua aseme asante au amtukane, basi akamkatia nusu ya mkate.

Walikula bila kutazamana. Mwishowe Urmil alisema, "Ulikwenda kwa mheshimiwa ukamwomba kikaratasi."

"Nilikwenda. Nilikaa barazani kwake mpaka mbwa wake akanizoea."

"Huoni aibu?"

"Nilikuwa naona. Halafu nikarudi likizo nyumbani, binti yangu akajificha nyuma ya mama yake. Akamwuliza, huyu mjomba atalala hapa?" Alijipangusa masharubu. "Nilikwenda Killar mama yake akiwa bado anamnyonyesha. Niliandika maombi ya kurudi kila mwaka, kwa njia ya haki, kupitia kwa mkuu wa shule, na nakala kwa kila mtu. Hakuna aliyetaka kupanda kule kunipokea. Wewe ungetaka?"

"Mume wangu anapofuka."

Guleria aliacha kutafuna. "Hilo sikuliona kwenye karatasi zenu."

"Limo. Lakini cheti cha daktari kinasema bado anahesabu vidole akiwekewa karibu. Mtu anayehesabu vidole, kwa serikali, anaona."

Mlinzi alitoka akaita namba yao.

Jaji alikuwa mzee mpole mwenye kikohozi. Alisikiliza pande zote, akakikemea kikaratasi cha mwanasiasa kwa maneno makali mpaka Urmil akaanza kuona njia ya nyumbani imenyooka mbele yake. Kisha akafungua ukurasa mwingine. Aliuliza mwombaji ametumikia wapi tangu aajiriwe. Wakili Nanta akataja vituo, vyote vya Kangra, vyote basi moja tu kutoka nyumbani. Jaji akauliza kama amewahi kutumikia eneo gumu hata mara moja. Wakili akaanza kupekua jalada upya, na katika kupekua kule Urmil akajua.

Zuio likaondolewa. Kila mtumishi, Jaji alisema, anapaswa kuubeba mlima zamu yake, na mwalimu huyu hajawahi kuubeba. Kuhusu mume, mwombaji yuko huru kuipelekea idara maombi mapya hali ikibadilika, na idara iyaangalie kwa moyo wa ubinadamu. Aliyasema hayo ya mwisho akiwa anamtazama Urmil mwenyewe, na kwa namna fulani hiyo ndiyo iliyomuumiza zaidi, kwamba hakuwa na mtu wa kumkasirikia.

Nje, Guleria hakuwa na uso wa mshindi. Alimsubiri kwenye ngazi.

"Dada, chumba changu cha Killar bado kiko wazi. Mwenye nyumba anaitwa Ratan Dei. Mwambie nimekutuma mimi, atakupa na kuni kavu. Usipange karibu na soko, maji yanaganda. Na simu haishiki ndani, panda mpaka kwenye jiwe juu ya hekalu." Alisita. "Darohal si mbali na kwetu. Bwana Desraj nitampitia."

"Usimsumbue," Urmil alimjibu kwa ukali, akashuka ngazi.

Aliondoka kabla theluji haijaanza. Asubuhi ya safari Desraj alimfuata mpaka kituoni, mkono mmoja begani kwake. Basi lilipokuja alilipiga ubavuni kwa kiganja kama mtu anayempiga farasi wake wa zamani.

"Breki zinalia hizi," alimwambia dereva. "Ukishuka Sach tumia gia."

"Ndiyo, mzee."

"Mama Nikhil, kaa upande wa kulia. Upande wa kushoto ukitazama chini utatapika." Kisha, kwa sauti ya chini, "Hebu simama hapa mbele yangu kidogo. Hapa penye mwanga."

Alimtazama kwa muda mrefu, akikisogeza kichwa huku na huku ili ampate mzima kupitia kile kitundu. Watu walikuwa wanapanda, kondakta anapiga filimbi. Urmil aliona haya, akamwambia acha, watu wanaangalia.

Killar ilikuwa kama Guleria alivyosema. Nyumba za mbao na mawe zimeshikilia mteremko, na chini kabisa mto Chandrabhaga unanguruma mchana kutwa. Ratan Dei, mjane mwenye meno machache na maneno mengi, alimpokea kama mtu aliyemtarajia.

"Kwa hiyo Mwalimu Hoshiar kashinda kesi."

"Ameshinda, shangazi."

"Alikuwa na hamu ya kwao, maskini. Ukimpa chakula kitamu analia. Wewe nawe utalia?"

"Sijui bado."

"Basi nitaanza na chakula kibaya."

Theluji ilipofunga njia, siku zikawa ndefu na nyeupe. Urmil alifundisha amevaa sweta mbili na shali, watoto wakija kila mmoja na gogo lake la kuni kwa ajili ya jiko la darasa, mdogo wao kuliko wote akiburuta lililo zito kuliko yote. Walikuwa watoto hodari wa hesabu. Mtu aliyewafundisha kabla yake hakuwa mvivu. Ukutani chumbani kwake Guleria alikuwa amechora kwa penseli mistari ya kimo cha mtoto, mmoja juu ya mwingine. Ratan Dei alimweleza: mkewe alikuwa anamtajia kwa simu binti yao amefikia wapi, naye anakuja kupima ukutani kwa rula, kisha anakaa kuitazama. Urmil hakuifuta. Alisogeza kitanda ili asiifunike.

Kila jioni kabla ya giza alipanda mpaka kwenye jiwe. Siku ambayo mtandao ulikubali, sauti ya Desraj ilimfikia kwa vipande.

"Umekula?"

"Nimekula. Na dawa?"

"Nimetia. Leo mawingu yameondoka, mlima wote mweupe mpaka kiunoni. Na yule jirani kapaka duka lake rangi ya waridi, sijui nani kamroga."

"Waridi?"

"Waridi kama ulimi wa ng'ombe."

Nyuma yake alisikia mtu akicheka, akajua ni Guleria. Desraj alikuwa anamtaja kila mara sasa. Mwalimu kaja na gazeti. Mwalimu kaleta binti yake, kavunja kikombe. Mwalimu hajui karata, namla kila siku. Urmil aliposhuka kutoka kwenye jiwe alikuwa na shukrani na wivu kwa pamoja, hata hakujua kimoja kinaishia wapi. Mtu yule anafundisha darasa lake, anakunywa chai kutoka birika lake, amekaa kwenye kiti chake barazani. Usiku aliwaza viganja vya Desraj vikitafuta kikombe. Alijaribu kukumbuka harufu ya baraza ya Darohal mvua inapoanza, ikamkataa, akapata harufu ya moshi wa mwerezi tu.

Kuna majuma ambayo hakupata hata neno moja. Alipanda hivyohivyo, akasimama kwenye jiwe na simu iliyokufa mkononi, akarudi.

Njia ilipofunguliwa na likizo kuwadia, alipanda gari la kwanza lililoshuka. Hakumwambia mtu. Alitaka kumshtua Desraj, amkute anachambua maharage, aone kinywa chake kinavyofunguka. Alishuka kituoni Darohal wakati jua limekaa upande, akapita duka la jirani. Lilikuwa la rangi ya waridi kweli.

Desraj alikuwa barazani. Alikuwa amekonda kidogo. Urmil alisimama getini, begi mkononi, akatabasamu, akasubiri.

Desraj aliinua uso ukamwelekea moja kwa moja. Macho yalikuwa wazi, yametulia juu yake.

"Mwalimu," alisema, "ni wewe? Umekuja na gazeti?"

Begi lilimponyoka.

Desraj aligeuza sikio. Akaitambua pumzi yake, maana uso ulimvunjika wote kwa mara moja. "Ah," alisema. "Mama Nikhil. Ungepiga simu. Ungenipa nafasi ya kujipanga."

"Tangu lini?"

"Njoo ukae."

"Tangu lini, baba Nikhil?"

"Tangu kabla ya sikukuu ya kurushiana rangi. Jicho moja lilikwenda kwanza, la pili likalifuata. Mwalimu alinipeleka hospitali, walifanya walichoweza. Usimlaumu. Nilimwapisha juu ya kichwa cha mtoto wake. Njia ilikuwa imefungwa, ungefanya nini? Ungejitupa kutoka kwenye lile jiwe?"

"Na mlima? Na duka?"

"Alikuwa ananiambia, nami nakuambia."

Guleria alifika baadaye na gazeti kwapani. Alimwona Urmil, akasimama palepale. Urmil alikuwa ameyatafuta maneno makali ya kumwambia, ameyapanga vizuri kabisa. Binti mdogo wa Guleria alikuwa amemshika baba yake kidole, anamvuta, anasema baba twende, baba babu ananisubiri. Urmil akamwambia apite ndani, chai ipo.

"Dada," Guleria alisema, "ningekuambia. Kila jioni nilitaka."

"Najua," alisema Urmil, ingawa hakuwa amemsamehe bado, na hakumsamehe kwa muda mrefu.

Cheti kipya cha daktari hakikuwa na vidole vya kuhesabu. Safari hii hakuhitaji wakili. Aliandika maombi, idara ikayapokea, na kabla mvua haijakoma alipewa kituo cha Jandrah, ng'ambo ya kilima, basi moja kutoka nyumbani. Guleria alibaki Darohal. Killar alipelekwa kijana wa kutoka Una, na watu walisema naye ameshafungua kesi.

Urmil alirudi juu mara moja tu kukabidhi darasa na kuchukua vitu vyake. Ratan Dei alimjazia karanga mfuko mzima, akamfunga shali kichwani kwa nguvu kama anayefunga mzigo, akaingia ndani bila kuaga.

Sasa jioni huketi barazani, yeye na Desraj, birika kati yao. Desraj humwuliza ya dunia naye humsimulia: nani amepita, amevaa nini, mahindi yamefika wapi. Hamfichi kitu na hampambii. Desraj aliwahi kumwuliza kama ameota mvi nyingi zaidi, akamwambia ndiyo, kichwa kizima; Desraj akanyoosha mkono akazigusa, akasema mkononi mwake nywele hizo bado ni nyeusi.

Na kuna jioni ambazo Desraj huuliza jambo na hajibiwi. Hugeuza sikio kumtafuta. "Umekwenda wapi?"

"Niko hapa."

"Hapana, umekwenda."

Basi humwambia kweli, kwamba alikuwa anausikiliza ule mto. Kwamba saa hizi watoto wa Killar wanarudi na ng'ombe, na yule mdogo wa gogo zito pengine ameshajifunza hesabu za sehemu. Ajabu, alipokuwa kule alilia atoke, na leo, amefika alikotaka, analilia kule.

"Nilikuambia ni watu wazuri," Desraj husema, na kumsogezea kikombe polepole, kidole kimoja mbele kikipima ukingo wa meza.